Binti yangu anakwenda kusoma Bengaluru: wanawake wa huko wanaishije kweli?

SWALI: Mwalimu, binti yangu amepata nafasi ya kusomea famasia Bengaluru, India. Mimi Wahindi ninaowajua ni wa duka la vitambaa hapa Tanga na wale wa tamthilia za jioni, wanaovaa sari na dhahabu tangu alfajiri, mama mkwe anawatesa, na hata msomi anachaguliwa mume. Binti yangu ananicheka. Anasema hayo ni ya zamani, wasichana wa kule siku hizi wanavaa jinzi na kurusha roketi. Nani kati yetu yuko sahihi? Wanawake wa India wa leo wanaishije, na mwanangu atakutana na watu wa namna gani? (Mama wa binti, Tanga)

JIBU: Dada yangu, nimeisoma barua yako mara mbili. Nimeishi India miaka tisa, mitatu Pune nikisoma na sita Bengaluru nikifanya utafiti wa maisha ya familia na kazi za wanawake, na kila nikirudi nyumbani swali hili ndilo ninaloulizwa kuliko yote. Wewe na binti yako mko sahihi wote wawili, kwa sababu mwenye roketi anaweza kuwa ndiye huyo huyo mwenye sari. Tarehe 24 Septemba 2014, chombo cha India kilipoingia kwenye mzunguko wa sayari ya Mirihi, picha iliyozunguka dunia nzima ilikuwa ya wanawake wanaofanya kazi ISRO, shirika la anga za juu lenye makao yake makuu huko huko Bengaluru. Walikuwa wakishangilia, wamevaa sari za hariri, na asumini kwenye nywele. Ndiyo, ile asumini yetu ya Pwani. Miaka mitano baadaye safari ya Chandrayaan-2 ya kwenda mwezini iliongozwa na wanawake wawili, Muthayya Vanitha na Ritu Karidhal.

Kwa hiyo nguo zisikupotoshe, si wewe wala yeye. Ukitaka kumjua mwanamke wa India wa leo, itazame saa yake: anaamka saa ngapi, anampikia nani kabla ya kutoka, nani anauliza akichelewa, na mshahara wake unaingia mkononi mwa nani. Huko ndiko mambo yalikobadilika, na huko ndiko yalikogoma kubadilika.

Nianze na hao unaowajua. Wahindi wengi wa Tanga, Dar es Salaam, Zanzibar na Mombasa wana asili ya Gujarat na Kutch, magharibi mwa India. Wazee wao walivuka bahari vizazi vingi vilivyopita, na baadhi ya desturi zao zimebaki vile zilivyokuwa babu walipoondoka. Tamthilia nazo huonyesha zaidi familia tajiri za kaskazini na magharibi, tena za kwenye studio. Bengaluru iko kusini, jimbo la Karnataka. Lugha ya jimbo ni Kikannada, lakini mtaani atasikia pia Kitamili, Kitelugu, Kiurdu, Kimalayalamu na Kihindi, maana ni mji wa wageni waliofuata kazi. Mtu aliyemjua Mswahili wa Lamu pekee, kisha akaulizwa Wasukuma wanaishije, ndivyo nasi tulivyo tunapoulizwa habari za wanawake wa India kwa kutazama televisheni. Kule Meghalaya, kaskazini-mashariki, Wakhasi huhesabu ukoo kwa mama, na binti wa mwisho ndiye anayebaki na nyumba ya wazazi. Mji wa Imphal, nao kaskazini-mashariki, kuna soko kubwa liitwalo Ima Keithel, soko la akina mama, lenye maelfu ya wauzaji na wote ni wanawake. Ukirudi vijiji vya Haryana, karibu na Delhi, utamkuta mke kijana akivuta mtandio kufunika uso baba mkwe anapopita. Wote hao ni wanawake wa India wa mwaka huu.

Sasa nikupeleke Bengaluru, kwenye fleti iliyotazamana na yangu. Jirani yangu alikuwa mhasibu katika kampuni ya programu za kompyuta. Alikuwa anaamka saa kumi na moja alfajiri. Kwanza anaosha kizingiti cha mlango na kuchora rangoli, yale maua na mistari ya unga mweupe inayochorwa mlangoni kukaribisha heri. Halafu jikoni. Rojo la mchele na choroko nyeupe la kupikia idli alilisaga jioni likachacha usiku kucha, kwa hiyo asubuhi ni kulimimina kwenye vibakuli na kulipika kwa mvuke. Dengu anaziweka kwenye presha kuka, na huku anafunga vitabu vya mtoto anahesabu filimbi, maana kule mapishi hayahesabiwi kwa dakika, wanakwambia "filimbi tatu" au "filimbi nne". Anafunga vikopo vya chakula cha mchana: cha mume, vya watoto wawili, na chake. Cha mama mkwe, mwenye kisukari, kinapikwa peke yake. Saa moja anaingia mfanyakazi wa kuosha vyombo na kufagia. Mama huyo naye alishaamka saa kumi usiku, akapikia watoto wake, na kabla ya saa sita mchana atakuwa amemaliza nyumba nne. Bila yeye jirani yangu asingefika ofisini, na hili watu huwa hawalisemi wanapowasifu wanawake wasomi wa mijini. Saa mbili basi la kampuni linapiga honi getini. Jioni anarudi saa moja, anavua viatu mlangoni, na kabla ya kukaa anaulizwa: tunakula nini?

Mume wake ni mtu mwema. Ananunua mboga, Jumapili anapika chai. Wao husema "anamsaidia". Neno hilo nalijua vizuri kutoka kwetu, na nadhani nawe unalijua: ukisema anasaidia, umeshasema kazi ni ya nani.

Usidhani ninakupa kisa cha nyumba moja. Serikali ya India imewahi kupima nchi nzima jinsi watu wanavyotumia saa 24. Mwaka 2019 mwanamke anayefanya kazi za nyumbani zisizo na malipo alitumia dakika 299 kwa siku, na mwanamume anayezifanya alitumia dakika 97. Walipopima tena mwaka 2024 ikawa dakika 289 kwa 88. Na hao wanaume wa dakika 88 ni wale wachache wanaozigusa kabisa, kiasi kidogo tu kupita robo ya wote. Miaka mitano ya simu janja, mitungi ya gesi na programu za kuagiza vyakula imempunguzia mwanamke dakika kumi, na mwanamume naye amejipunguzia tisa.

Elimu ndiyo iliyokwenda mbio. Mwaka 1848 Savitribai Phule na mumewe walipofungua shule ya wasichana Pune, jamii iliwatenga. Leo karibu nusu ya wanafunzi wa vyuo vyote vya India ni wanawake. Katika darasa la famasia binti yako asishangae kukuta wasichana ni wengi kuliko wavulana, tena ndio wanaokaa mbele. Sisi tumeiona elimu hiyo ikivuka bahari: chuo cha IIT Madras kilipofungua tawi lake Zanzibar mwaka 2023, aliyekabidhiwa kuliongoza ni Profesa Preeti Aghalayam, mwanamke wa kwanza kuongoza taasisi ya IIT popote.

Lakini elimu na ajira kule hazikufuatana. Kwa miaka mingi wanawake walikuwa wakisoma zaidi huku wakipungua kazini. Mwaka 2017-18 ni asilimia 23.3 tu ya wanawake wa miaka 15 na kuendelea waliohesabiwa kuwa wanafanya kazi au wanaitafuta. Mwaka 2023-24 wamefika asilimia 41.7. Wanasiasa huipenda namba hiyo, nami naifurahia nusu nusu, kwa sababu sehemu kubwa ya ongezeko ni wanawake wa vijijini wanaojiajiri au wanaofanya kazi kwenye shamba na duka la familia bila kulipwa. Kwa wasomi wa mijini kikwazo ni kingine. Anaajiriwa vizuri akiwa na miaka 22, anapanda cheo, anaolewa, anazaa, na hapo swali la nani abaki na mtoto linamwangukia yeye. Sheria iliongeza likizo ya uzazi mwaka 2017 kutoka wiki 12 hadi 26, na ikawataka waajiri wenye wafanyakazi 50 au zaidi waweke mahali pa kulelea watoto. Ni sheria nzuri. Gharama yake, hata hivyo, inabebwa na mwajiri peke yake, na baba hakupewa chochote katika sheria hiyo.

Kuna jambo dogo lililonigusa kuliko sheria nyingi, nalo ni nauli. Delhi ilianza mwaka 2019 kuwapa wanawake usafiri wa bure kwenye mabasi ya mji, Tamil Nadu ikafuata mwaka 2021, na Karnataka mwezi Juni 2023. Mama anayefanya kazi za ndani sasa anaweza kuchagua nyumba iliyo mbali kidogo inayolipa zaidi. Bibi anakwenda kumwona binti yake mji mwingine bila kumwomba mtoto wa kiume hela. Niliwahi kusafiri na kundi la akina mama wazee waliokuwa wanakwenda kuhiji hekaluni, wanaimba basi zima, na mmoja akaniambia hiyo ndiyo safari yake ya kwanza maishani ambayo hakumwomba mtu. Binti yako hatafaidika nayo, inadai kitambulisho cha mkazi wa jimbo, lakini ataliona basi limejaa wanawake na ajue sababu.

Sasa ndoa, ambayo najua ndiyo iliyokusukuma kuandika. Ni kweli, ndoa nyingi za India bado zinapangwa na familia, na ni kweli kwamba hata daktari na injinia wanapangiwa. Ila kupanga si kulazimisha, angalau si kwa familia nyingi za mijini za leo. Hutengenezwa karatasi waiitayo baiodata: picha, urefu, elimu, kazi na mshahara, kazi ya baba, tabaka (kundi la kurithi ambalo mtu huzaliwa nalo), ukoo, nyota ya kuzaliwa. Inazungushwa kwa mashangazi, kwenye WhatsApp ya familia, kwenye tovuti za kutafuta wachumba. Nyota hulinganishwa na mnajimu. Kisha vijana wanakutana, zamani mbele ya wazazi huku msichana amebeba sinia la chai, siku hizi mkahawani wawili tu, na kila mmoja ana haki ya kusema hapana. Rafiki yangu daktari alikataa saba. Wa nane alimkubali kwa sababu ndiye wa kwanza kumwuliza kuhusu kazi yake kabla ya kuuliza kama anajua kupika. Maswali ya msichana wa leo ni makali: tutakaa na wazazi wako? Nitaendelea na kazi? Nikipata nafasi mji mwingine itakuwaje? Wengine wanapendana wenyewe chuoni, kisha wanawatumia wazazi wakapange kama vile ndio kwanza wanajulishana. Familia inapata heshima yake na wao wanapata ndoa yao.

Kisichosogea ni tabaka. Utafiti mkubwa wa kaya uliofanyika mwaka 2011-12 ulikuta ndoa za watu wa matabaka tofauti ni kama tano tu katika mia. Kwa watu wa dini mbalimbali ni vigumu zaidi. Sheria ya ndoa ya mwaka 1954 inaruhusu, lakini inataka tangazo la siku 30, na siku hizo 30 zinatosha kwa ndugu wenye hasira kujua na kuja juu. Wapo walioua binti zao kwa ajili hiyo. Usiseme nimekutisha. Nakwambia kwa sababu binti yako atakuwa na rafiki atakayempenda mtu asiyeruhusiwa, na atamwona analia, na asipojua uzito wa jambo lenyewe anaweza kumpa ushauri mwepesi utakaomponza.

Na mahari kule inakwenda kinyume na kwetu. Huku upande wa mwanamume ndio unaotoa. Kule, kwa jina la dahej, nyumba ya binti ndiyo inayoombwa: dhahabu, gari, samani, fedha, mara nyingine gharama za masomo ya bwana harusi. Sheria ilipiga marufuku mwaka 1961. Mwaka 1983 ukatili wa mume na wakwe ukawekewa kifungu chake cha jinai, na bado mwaka 2022 polisi waliandikisha vifo vya wanawake zaidi ya 6,000 vilivyotokana na mahari hiyo. Siku hizi haitajwi. Inaitwa zawadi. Nimekaa kwenye harusi ya watu waliosoma sana, wenye lugha laini, nikatazama baba wa binti akikagua orodha mfukoni kila dakika kumi, na sikuweza kula. Hapo ndipo ninapokuwa sina subira na mtu anayeniambia India imeshabadilika. Hofu ya mzigo huo ndiyo mojawapo ya sababu za watu kutoa mimba za watoto wa kike, hata serikali ikapiga marufuku mwaka 1994 daktari kumwambia mzazi jinsia ya mtoto aliye tumboni. Hospitali za India zote zina tangazo hilo ukutani. Ndugu zetu wanaokwenda kutibiwa huko huuliza kwa nini hawaambiwi kama ni mvulana au msichana: sababu ndiyo hiyo.

Kuhusu mama mkwe nitakuwa mfupi. Katili yupo, kama alivyopo kwetu. Ila mijini nimeona zaidi mama mkwe aliyeacha nyumba yake na mashoga zake wa miaka 40 kijijini, akaja kukaa ghorofa ya tisa kulea mjukuu ili mkwewe aende kazini. Upweke wake hakuna tamthilia inayouonyesha. Jimbo la Karnataka lilipoanza mwaka 2023 kumpa mwanamke mkuu wa kaya rupia 2,000 kila mwezi, swali la nani aandikwe mkuu, mama mkwe au mkamwana, liliibua mazungumzo ndani ya nyumba nyingi. Kwenye ghorofa letu wengi waliandikwa mama wakwe. Nilifurahi. Kwa baadhi yao zilikuwa fedha za kwanza kuziita zao.

Fedha ni sura ndefu. Dhahabu unayoiona kwenye tamthilia si pambo tu, ni akiba ya mwanamke. Wahindu huiita stridhan, na mahakama kuu ya nchi ilishaamua kwamba ni mali yake mwenyewe, mume na wakwe wanaishika kwa amana tu. Mwaka 2005 sheria ya mirathi ya Wahindu ilibadilishwa, binti akapewa haki sawa na ndugu zake wa kiume katika mali ya ukoo. Wengi bado wanasaini karatasi ya kuiachia, "kwa hiari", wasije wakafungiwa mlango wa kwao, maana kaka ndiye watakayemkimbilia ndoa ikivunjika. Vijijini nguvu kubwa ni vikundi vya kuweka na kukopa, ndugu wa VIKOBA vyetu: kuna kama laki 90 za vikundi hivyo (laki yenyewe neno lao), na wanachama wake ni takriban wanawake milioni 100. Huko ndiko wengi walikojifunza kusimama na kusema mbele ya watu, na kutoka huko wengine wakagombea halmashauri za vijiji, ambako katiba imewatengea wanawake angalau theluthi moja ya viti tangu miaka ya mwanzo ya 1990. Zipo halmashauri ambako mume ndiye anayekalia kiti na mke anasaini. Zipo nyingine ambako mume alijaribu, akarudishwa nyumbani.

Mavazi sasa, upesi. Mtaani Bengaluru wasichana wengi huvaa kurti, ile shati ndefu, juu ya jinzi au suruali ya kubana. Sari ni ya walimu, wa benki, wa bungeni, wa sherehe, na ya mama mwenye genge la mboga. Kuna ofisi zenye sketi na kuna mitaa yenye hijabu na baibui. Aliyeolewa humtambua kwa mkufu wa ndoa shingoni, pete za vidole vya miguu, na kaskazini zaidi kwa rangi nyekundu kwenye mpasuo wa nywele, ingawa wasomi wengi wanaziacha nyumbani. Wajane kwa desturi walinyang'anywa hivyo vyote: bangili zilivunjwa, nukta ya kipaji ikafutwa. Mwezi Mei 2022 kijiji cha Herwad, Maharashtra, kilipitisha azimio la kukataza kuwavunjia wajane bangili zao, na serikali ya jimbo ikavihimiza vijiji vingine vifuate.

Usalama wa mwanao ndio nilioufikiria zaidi. Desemba 2012 msichana mwanafunzi alibakwa na kundi la wanaume ndani ya basi Delhi, akafariki. Nchi iliingia barabarani, sheria zikakazwa mwaka uliofuata. Agosti 2024 daktari kijana akauawa ndani ya hospitali ya kufundishia Kolkata, na wanawake wakajaza mitaa usiku wa manane kudai usiku nao ni wao. Ninachotaka uone ni jinsi hofu hiyo inavyotumika. Hosteli za wasichana zinafungwa saa tatu au nne usiku, za wavulana ziko wazi. Mwaka 2015 wanafunzi wa Delhi walianzisha harakati iitwayo Pinjra Tod, vunja tundu, kupinga hilo. Binti yako atafungiwa geti mapema, atakasirika, na wenzake watakuwa wamekasirika pamoja naye.

Na kuna moja linalomhusu yeye kama Mwafrika. Mwishoni mwa Januari 2016, Bengaluru hiyo hiyo, mwanafunzi wa kike Mtanzania alishambuliwa na kundi la watu kwa sababu ya ajali iliyosababishwa na Mwafrika mwingine asiyemhusu kabisa. Watu walikamatwa, serikali mbili zikazungumza, lakini jambo lilitokea na mzazi anastahili kulijua. Nimeishi miaka sita mji ule na nimepata marafiki ninaowaita ndugu. Nimepata pia wenye nyumba walioghairi kunipangisha waliponiona uso. Chuki ya ngozi nyeusi wanawake wa huko wenyewe inawaumiza: mtoto mweusi wa kike huanza kusikia akiwa na miaka minne kwamba ataolewa kwa shida, na kwenye baiodata rangi ya ngozi inaandikwa. Mkorogo wa kule ulikuwa krimu ya Fair & Lovely, ambayo hadi mwaka 2020 iliuzwa kwa jina hilo, ndipo wakaiondoa "Fair", yaani mweupe. Rafiki zangu wa karibu zaidi walikuwa wanawake weusi wa kusini waliochoka na maneno hayo, na urafiki wetu ulianzia hapo.

Mwambie basi apange hosteli ya chuo mwaka wa kwanza, asikimbilie nyumba za kupanga za mitaani wanazoziita PG kabla hajajua mji. Usiku asipande bajaji peke yake, atumie programu ya simu na amtumie mwenzake safari yake. Namba ya ubalozi wetu New Delhi aiandike na kwenye karatasi pia. Mwanamke aliyemzidi umri kidogo amwite akka, dada mkubwa. Mwenye rika lako amwite aunty au amma. Neno akka limenifungulia milango mingi kuliko shahada yangu. Ataulizwa mapema kama ameolewa, baba anafanya kazi gani, anakula nyama au hali. Hawamchunguzi, wanatafuta mahali pa kumweka, kama sisi tunavyouliza mtu kwao wapi.

Mwezi wa Agosti hivi, Ijumaa ya Varamahalakshmi, akina mama wa Karnataka hualikana majumbani. Wataketisha mungu wao wa kike aliyevishwa sari, watapeana manjano, bangili, nazi na kipande cha kitambaa cha kushona blauzi. Nina hakika atapata rafiki atakayemchukua kwao siku hiyo. Aende. Avue viatu mlangoni, ale kwa mkono wa kulia, na kama ibada si ya dini yake akae kando kwa heshima, hakuna atakayemlazimisha. Atakaa jikoni na wanawake wa umri wote na atasikia katika saa mbili mambo ambayo mimi nimeshindwa kuyaweka kwenye barua hii.

Mfungie doti mbili za kanga kwenye sanduku, za kumpa mama wa nyumba hiyo. Kanga zetu nyingi zinachapwa huko huko India, mji wa Jetpur, Gujarat, lakini wanawake wa Bengaluru hawazijui kabisa. Watazigeuza huku na huku, watauliza zinafungwaje, kisha watamwomba awasomee maandishi. Kwa hiyo dada, chagua jina lake vizuri.